Jina la Kabla ya Zafarani

Jumapili, 10 Desemba

Bismillahi. Daftari hili kanipa Shamila, mwanangu, kabla hajarudi Bahi anakofundisha. "Mama, eda ni miezi minne na siku kumi, utaongea na nani muda wote huo?" Nikamwambia nitaongea na Mungu. Akasema, "Na akiwa anasikiliza wengine?" Nikamkemea, ila daftari nililipokea. Basi mwenzangu, ni wewe.

Mume wangu Abdulnasiri tumemzika wiki iliyopita hapa Mpwapwa. Alilala baada ya chakula cha mchana, hakuamka. Nimevaa nyeupe, sijipaki kitu chenye harufu, sitoki. Nyumbani tumebaki wawili, mimi na Shangazi Tabu. Ni shangazi wa marehemu, dada wa baba yake, nilimkuta humu humu nilipoolewa kutoka Kondoa, na tangu miguu imkatae mimi ndiye ninayemwogesha na kumgeuza. Wanasema ana miaka tisini, mwenyewe anasema ameshaipita. Meno hana, ila maneno anayo ya kugawa.

Jana alinitazama nikilia jikoni. Akaniambia, "Lia mwanangu, lakini uji usiungue."

Jumatano, 13 Desemba

Mvua. Nimefua, hazikukauka.

Jumatatu, 18 Desemba

Leo amekuja mgeni. Nilisikia hodi ya kike nikamwambia apite. Mwanamke wa miaka arobaini hivi, gauni refu la kitenge, mtandio kaubandika kichwani pale mlangoni, nikajua hajauzoea. Shikamoo mama, pole na msiba, akakaa chini mkekani bila kuambiwa. Anaitwa Hana, anafundisha historia chuo kikuu Dodoma, watu humwita Daktari. Ni Mkristo, Mgogo wa huku huku kwetu. Alikuwa amekwisha kuelewana na marehemu kwa simu kwamba atakuja kuongea na Shangazi, na hakuwa na habari kwamba aliyemkaribisha hayupo. Alipoambiwa dukani alitaka kurudi, akaona ni adabu mbaya kurudi bila kutoa pole.

Nikamuuliza anatafuta nini kwa Shangazi. Akasema anaandika kitabu juu ya wanawake wa jumba la Sultani wa Unguja, wa zamani za misafara. Nikamwambia basi umefika penyewe. Nikampa habari kama ninavyoijua, kama kila mtu Mpwapwa anavyoijua: kwamba bibi yake Shangazi, Bibi Zafarani, alikuwa binti wa jumba, akaletwa bara kwa machela na msafara kuja kuolewa na mzee wa ukoo huu. Ndiyo maana mtaani wanatuita watu wa jumba. Mimi nimeolewa tu, lakini na mimi nimeshaitwa hivyo.

Daktari aliandika, uso wake uso wa mtu aliyepewa chai isiyo na sukari na anaona haya kusema. Nikamwambia sema tu.

"Mabinti wa Sultani wana watu wa kuwaandika, mama. Mimi natafuta waliowapikia. Waliowanyonyeshea watoto, waliowafukizia nguo. Hao wengine waliokuwa juu ghorofani na hawakushuka."

"Hawakushuka kwa nini?"

"Hawakuruhusiwa."

Nikatazama nguo zangu nyeupe. Akaona, akasema samahani. Nikamwambia hapana, mimi mlango wangu Mungu kaufunga na tarehe ya kuufungua ameitaja. Akasema, "Wao hawakutajiwa."

Shangazi alikuwa amelala, sikumwamsha. Nimemwambia arudi Alhamisi.

Alhamisi, 21 Desemba

Mwenzangu, nina jambo.

Daktari aliingia chumbani kwa Shangazi, akapiga goti, akasema "Mbukwenyi." Nikataka kucheka, maana hiyo ni salamu ya Wagogo na Shangazi ni mtu wa mjini, wa msikitini, wa kanga za pwani, watu wa jumba hawasalimiwi hivyo. Shangazi akamtazama kitambo. Kisha akaitikia. Si kuitikia tu. Alimwaga Kigogo, mwenzangu, kama mtu aliyefungua bomba, na sauti yenyewe si ile ninayoijua, ni sauti ya mtoto. Miaka yote nimekaa naye, sikuwahi kumsikia. Daktari naye kashika simu yake, anarekodi.

Mwisho akaimba. Kitu cha kubembelezea mtoto, kina ng'ombe ndani yake, hilo neno nililielewa.

Nikamuuliza, "Shangazi, Kigogo umekitoa wapi?"

"Kwa bibi. Nililala naye kitanda kimoja mpaka alipokufa. Mchana alikuwa Zafarani, usiku alikuwa Mgogo."

"Na jumba?"

"Jumba alikaa. Nani kasema hakukaa?"

Jumamosi, 30 Desemba

Shamila amepiga simu, Bahi maji yameingia mashambani, mpunga umezama, watu wanavua kambale palipokuwa na njia. Hawezi kuja mwaka mpya. Nimesema sawa.

Jumatano, 3 Januari

Daktari sasa amepanga chumba huku ili asisumbuke na barabara. Anakuja asubuhi, ananisaidia kuchambua mlenda, na kwa kweli anaujua kuliko mimi. Tumecheka leo. Shangazi kamwuliza una mume, kasema hana. "Una ng'ombe?" Hana. "Basi una nini?" Kasema, "Nina vitabu, bibi." Shangazi akanigeukia: "Mpe uji mwenzio."

Nilichojifunza leo nakiandika. Humu ndani hatukuwahi kufukiza udi, hata harusi ya Shamila. Majirani walishangaa, watu wa jumba wasio na chetezo. Mimi niliambiwa tu, Shangazi hapendi. Leo kaeleza. Bibi yake alitekwa akiwa wa kuchunga ndama, huko huko upande wa Bahi, akafikishwa pwani, akanunuliwa kwa ajili ya jumba. Kazi yake ilikuwa kufukiza nguo za mabibi. Zinatandazwa juu ya tenga, yeye anakaa chini na makaa na udi mpaka usiku wa manane, na wakati wowote akiitwa aitike. Wakampa jina la Zafarani kwa sababu wenzake walikuwa Yasmini na Marijani, majina ya vitu vya kupendeza. Alimwambia mjukuu wake kwamba harufu ya udi ni harufu ya kuitwa.

Baadaye akapewa mfanyabiashara mmoja wa misafara, kama unavyompa mtu shuka. Alipofika Mpwapwa akaugua, yule mfanyabiashara akamwachia mshirika wake hapa, na huyo mshirika ndiye mzee wa ukoo huu. Machela ilikuwa ya ugonjwa.

Nikamuuliza Shangazi, mbona akipona hakwenda kwao, Bahi si mbali?

"Akaseme yeye ni nani? Waliomjua wameshakula matanga yake."

Daktari alikuwa analia bila sauti. Mimi nilikuwa nawaza shemeji yangu Abdulkadiri akisikia.

Jumapili, 7 Januari

Mvua tangu alfajiri, mlima Kiboriani hauonekani. Daktari amemuuliza Shangazi lile ambalo naona ndilo linalomlaza macho: kabla ya kuitwa Zafarani, bibi aliitwa nani?

Shangazi akatazama dirishani. Nikadhani hajasikia. Akasema, "Nalijua."

Tukasogea karibu.

"Nalijua na silisemi chumbani. Aliniambia, Tabu, mimi nikifa watanisomea kwa jina walilonipa wanunuzi. Wakasoma. Kila mwaka wanasoma hilo hilo. Mimi nilikuwa mtoto, kisha nikawa mwanamke, nikaona haya. Sasa sina haya, haya imeondoka na meno. Siku ya arobaini ya Abdulnasiri masheikh watakuwepo, watu watakuwepo, marehemu wetu watatajwa. Nitalisema pale. Lisomwe, aombewe yeye mwenyewe. Halafu huyu mwenye vitabu aandike."

Nikamwambia Shangazi, Mungu anamjua kwa jina lolote. Akasema, "Mungu anamjua, na mimi namjua. Msiomjua ni ninyi."

Daktari kaomba aje siku ya arobaini na simu yake. Nimemkubalia. Nilipaswa kumwuliza shemeji kwanza, na sikumwuliza.

Ijumaa, 12 Januari

Nimengoja wageni waondoke na vyombo viishe. Naandika polepole ili nisikosee.

Turubai lilifungwa uani baada ya swala ya Ijumaa. Wanaume nje, sisi wanawake ndani, pazia mlangoni katikati yetu. Abdulkadiri alikuja na gari kutoka Dodoma asubuhi. Yeye ni mdogo wa marehemu, ofisi yake iko Mtumba kwenye wizara, na sasa mume wangu hayupo yeye ndiye msemaji wa nyumba hii. Mtu wa adabu, mwenzangu, sitamsengenya. Alivua viatu, akabusu mkono wa Shangazi, akaniuliza kama nina chochote cha kuhitaji. Alipomwona Daktari jikoni akasema karibu sana. Hakujua.

Shangazi alitaka akae karibu na pazia. Tulimbeba kwa kiti. Nilimvika kanga mpya. Mkono wake ulikuwa ndani ya mkono wangu.

Wakasoma Yasini, wakaleta dhikri, ikafika dua. Sheikh akaanza kurehemu marehemu wa nyumba, na Abdulkadiri kando yake anamnong'oneza mmoja mmoja. Abdulnasiri. Baba yake. Babu yake. Wakaja wanawake. "Na bibi yao Zafarani, wa jumba la Seyyid."

Shangazi akasema, "Si yeye."

Alisema kwa nguvu ambayo sikujua anayo. Nje wakanyamaza. Akasema, "Hilo ni jina la sokoni. Bibi yangu alikuwa mtumwa na alikuwa Mgogo na alikuwa na jina. Sheikh, tega masikio yako, nalitaja."

Huku ndani wanawake wametazama chini. Mmoja alianza kukohoa kwa makusudi. Nje nikasikia sauti ya Abdulkadiri, ya upole, si ya ukali hata kidogo: "Shangazi yetu amechoka, tumwombee. Al-Fatiha."

Na sheikh akaipokea, na watu wote wakaipokea. Turubai zima na nyumba nzima, watu sitini au sabini, Bismillahi rrahmani rrahim.

Mwenzangu, na mimi niliisoma. Ikisemwa Al-Fatiha ulimi hauulizi, unakwenda. Nilimtazama Shangazi na midomo yake inatembea na haikuwa inatembea na yetu. Alikuwa analitaja. Alilitaja mara moja au mara mbili, sijui, uso wake umenyooka, macho mbele. Na mimi niliyeshika mkono wake, sikio langu kiganja kimoja tu kutoka mdomoni mwake, nilikuwa nimefika aya ya maliki yaumi ddin. Nilipotaka kuacha ili nisikilize nikaogopa kuikata. Nilipomaliza, na yeye amemaliza.

Amina, wakasema. Shangazi naye akasema amina.

Kisha akaegemea kiti, akavuta pumzi ndefu, akanitazama kwa furaha ambayo sijawahi kumwona nayo. "Umesikia? Wameitikia wote."

Nilisema, "Nimesikia, Shangazi."

Wakala pilau. Daktari alikuja kuninong'oneza jikoni: lilikuwa nani, mama, lilikuwa nani? Alikuwa nyuma, karibu na sufuria. Nikamwambia sikulisikia. Alinitazama kama unavyomtazama mtu aliyemdondosha mtoto wa mwenzie. Akasema simu yake ilikuwa inarekodi. Tumeiweka sikioni, mimi sikio hili, yeye hili. Ni Al-Fatiha mwanzo mpaka mwisho, na imesomwa vizuri.

Jumamosi, 13 Januari

Amemchukua.

Baada ya chai Abdulkadiri alikaa na mimi, pazia katikati, kama inavyotakiwa. Akasema, "Shemeji, umefanya kazi kubwa kwa miaka mingi, Mungu akulipe. Lakini wewe uko edani, hupaswi kubeba mgonjwa. Na Shangazi akili imeanza kumpotea, Dodoma kuna hospitali. Nitakwenda naye leo."

Nikasema akili yake nzima. Akasema, "Uliyoyasikia jana ni maneno ya mtu mzima kiakili?"

Hapo ndipo ningesema. Nilikuwa na maneno kifuani, yamepangana. Nikafikiri, mimi ni mke wa marehemu, wa Kondoa, nyumba ni ya ukoo wao, shangazi ni wao, na mimi hata kizingiti sivuki. Nikasema, "Anapenda uji mwepesi, na geuza mto usiku."

"Nitamwambia mke wangu."

Shangazi hakukataa. Nilidhani angepiga kelele. Daktari alikuwa amemwahi alfajiri, akampigia goti na kumwomba alitaje tena. Nilikuwepo. Akamjibu, "Nimeshalisema mbele za watu, likaitikiwa amina. Kitu cha namna hiyo husemi mara mbili kama unauza nyanya. Kawaulize waliokuwepo."

Na mimi nikashindwa kumwambia kwamba hakuna aliyesikia. Ningemwambiaje? Alikuwa amelala usingizi mzuri.

Walimwingiza garini, mimi nikiwa dirishani. Alikuwa anatazama mbele kama anayekwenda harusini.

Jumatatu, 15 Januari

Nimepika uji wa watu wawili.

Jumatano, 24 Januari

Nimemwita sheikh aje hapa barazani, nikamuuliza kutoka ndani kama naweza kwenda Dodoma kumtazama Shangazi na kurudi. Ni mtu mwema. Akauliza mgonjwa ana wa kumhudumia, nikasema anaye. Akauliza nitarudi kulala nyumbani kwangu, nikasema barabara ikikubali.

"Mama Shamila, mjane hutoka mchana kwa haja. Haja yako hii ni ya moyo, na ya moyo inangojea. Mvua hii ikikukamata Kongwa utalala kwa nani?"

Nikataka kumwuliza na ile siku, sheikh, wewe uliyekuwa na kipaza sauti, hukusikia chochote? Nimemwuliza. Akasema, "Nilisikia mama mzee anasema. Nilidhani anasoma na sisi."

Jumapili, 4 Februari

Mvua. Ukuta wa choo umelala.

Ijumaa, 9 Februari

Mke wa Abdulkadiri amemwekea Shangazi simu sikioni. Nikasema Shangazi, ni mimi, Stara. Nikasikia pumzi. Nikasema uji wanakupa? Pumzi. Mke wa shemeji akachukua simu, akasema anakula vizuri, ni msafi, kila siku anabadilishwa shuka, lakini ameacha kuongea. Alisema kwa masikitiko, naye si mtu mbaya. "Alipofika aliongea siku mbili tatu, Kigogo tupu, na hapa hatukijui. Watoto walicheka. Akaacha."

Jumanne, 20 Februari

Daktari amekuja, kalowa mpaka magotini. Amekwenda nyumbani kwa Abdulkadiri mara tatu. Mara ya kwanza amepewa soda, mara ya pili amepewa soda, mara ya tatu mlinzi kasema wenyewe wamesafiri na huku sauti ya televisheni inatoka. Ile rekodi amempa kijana wa kompyuta chuoni aitoe sauti moja kati ya nyingi. Kijana amesema sauti hiyo haimo, kipaza sauti cha sheikh kimeifunika.

Kitabu kinatakiwa na wachapishaji. Amesema atamwandika kama Zafarani.

Nikamwambia, "Lakini ulisikia mwenyewe alivyosema, hilo ni la sokoni."

"Nitaandika na hilo kwamba alisema hivyo."

"Na jina lenyewe?"

"Mama, siwezi kuandika ambacho sina."

Nilikasirika, nakuambia ukweli. Niliona kwamba yeye atakwenda kwenye nyumba nyingine, kwa bibi mwingine, na sisi tutakuwa kurasa tatu. Nilimwambia bora usingekuja. Ni neno baya kumwambia mgeni aliyelowa. Alichukua ndoo, akaenda kukinga maji chini ya paa bila kutumwa, akajaza na ya pili. Alipoaga nikampa kanga yangu ajifunike. Hii mvua haichagui nani ana kosa.

Jumanne, 12 Machi

Ramadhani imeingia. Namshukuru Mungu kwa kazi ya kufunga, inanipa cha kufanya.

Jumatatu, 25 Machi

Abdulkadiri amekuja peke yake, ameleta tende na mchele. Tukakaa, pazia katikati. Nilikuwa nimejiandaa kwa maneno makali tangu Januari. Nikamwambia mrudishe Shangazi.

Akasema daktari wa hospitali amekataza asafirishwe.

Nikamwambia alichosema siku ya arobaini kilikuwa kweli.

Kisha, mwenzangu, akacheka kidogo, kicheko kikavu.

"Shemeji, unadhani sikujua? Kaka naye alijua. Nilipokuwa darasa la tatu kulikuwa na mtoto mmoja akiniita mtumwa kila asubuhi kwenye foleni ya kuhesabu namba shuleni. Kila asubuhi. Nikarudi nalia, baba akanikalisha hapo hapo ulipokaa wewe, akanipa hii habari ya binti wa jumba. Nikaenda nayo shule. Nikawa mtu. Habari hiyo imenisomesha, imeniozesha. Leo nije niivue mbele ya watu sitini?"

"Yeye hakuivua yako. Alitaka bibi yake aombewe."

"Najua alichotaka."

"Wewe ulikuwa karibu na pazia. Ulisikia?"

Nilisikia anavuta pumzi. Akasema, "Niliisoma Al-Fatiha kwa sauti ya juu kuliko wote. Nilihakikisha sisikii."

Akaanza kulia. Mtu mzima, wa ofisini, na swaumu mdomoni. Sikuweza kumshika mkono, si halali, na hata chuki niliyokuwa nimeihifadhi tangu Januari, nilipoitafuta sikuipata. Nimemwambia tu futari iko tayari, asubiri adhana.

Jumanne, 9 Aprili

Eda imekwisha leo. Nimeoga. Nimefungua mlango wa mbele, nikasimama kizingitini. Njia imejaa matope na watoto wanangojea mwezi. Nikarudi ndani kuchukua ufagio.

Ijumaa, 12 Aprili

Jana Idi Pili nilipanda basi la asubuhi. Mabonde yote mpaka Kongwa ni kijani, sikuwahi kuona hivyo. Mke wa Abdulkadiri alinipokea vizuri, akanipitisha mpaka chumbani.

Wamemtunza. Shuka nyeupe, dirisha lina pazia, televisheni ukutani inaonyesha mpira bila sauti. Shangazi amekuwa mdogo. Nikampa salamu, hakunitazama. Nikamlisha uji, alimeza. Nikamgeuza, nikamkanda miguu kama zamani, na wale wa nyumbani wakatoka wakatuacha.

Nikiwa nimemshika vidole vya mguu akanitazama. Akasema, "Mwaja."

Nikasema, "Mimi Stara, Shangazi."

Akasema tena, "Mwaja," kisha maneno mengine ya Kigogo, kwa sauti ile ya mtoto, na ndani yake nilisikia ndama. Alikuwa ananiuliza kitu. Alingoja jibu. Kigogo changu ni cha sokoni. Nilitikisa kichwa kukubali, sijui nilikubali nini. Akafumba macho, akalala.

Katika ukoo huu hakuna Mwaja. Nimewauliza wote waliokuwepo, nimempigia na Shamila. Mke wa shemeji anasema hajawahi kumsikia akilitaja.

Nilimpigia Daktari Hana nikiwa pale nje getini, kabla sijasahau. Nilisikia ameacha anachofanya. Akasema Mwaja ni jina la kike, lipo, kwao kijijini wapo wawili. Akauliza alisemaje hasa, neno kwa neno. Nikashindwa. Akauliza, "Alikuwa anakuita wewe, au alikuwa anamwita bibi yake, au anamtaja mtoto aliyecheza naye?"

"Sijui."

"Una uhakika wowote, mama?"

"Sina."

Kisha akasema polepole kwamba hawezi kuliandika. Nikamwambia najua. Nikamwomba radhi kwa yale ya Februari, akasema kanga yangu bado anayo.

Nimerudi na basi la jioni. Leo baada ya alfajiri, nikiwa bado kwenye mswala, nimerehemu wafu wangu kama kawaida: mume wangu, baba, mama, wa Kondoa na wa hapa. Nilipofika kwa bibi yao nikasita. Zafarani halikutoka. Nikamtaja Mwaja, nikaisoma Al-Fatiha peke yangu, polepole, na kila aya nikituliza ulimi nisikilize. Kama si yeye, basi ni mwanamke mwingine aliyewahi kuitwa hivyo, na hakuna aliyekuwa akimwombea.